Mwezi gani unauzungumzia? Kalenda zinazoishi pamoja Tabora

Msikilizaji, ingia nyumba moja ya kawaida pale Chemchem, mjini Tabora, na uhesabu kalenda zilizomo. Ukutani kuna ile ya karatasi yenye Januari hadi Desemba. Baba anahesabu siku zilizobaki kufikia Ramadhani. Bibi anatazama anga na kuuliza kama mvua ya kupandia imekaribia. Mama mjamzito ana kadi ya kliniki yenye tarehe ya kujifungua. Kijana ana simu inayomkumbusha mkopo wa siku 30. Wote wanatumia neno moja, mwezi, lakini hawasemi kitu kimoja.

Kwa kawaida hilo halileti shida. Shida huja pale hesabu moja inapotumika kujibu swali la hesabu nyingine. Hapo mtu hupanda mapema na mbegu ikaungua, hufuturu kabla jua halijazama, au hutia saini mkataba akidhani mwezi ni mwezi. Makala hii inaeleza kila hesabu ilitoka wapi, inajibu swali gani, na mahali inapoweza kukupotosha.

Mwezi wa angani

Hesabu ya zamani kuliko zote ni ya mwezi wenyewe. Kutoka mwandamo mmoja hadi mwingine ni siku 29 na nusu hivi, kwa hiyo mwezi wa angani huwa na siku 29 au 30. Miezi 12 ya namna hiyo hufanya siku 354 au 355, pungufu ya mwaka wa jua kwa siku 11 hivi. Kalenda ya Kiislamu hufuata hesabu hii bila kuongeza kitu. Ndiyo maana Ramadhani hutangulia kwa siku 10 au 11 kila mwaka, na huchukua miaka 33 hivi kuzunguka majira yote. Mwaka 2030 utakuwa na mwanzo wa Ramadhani mara mbili: mmoja Januari na mwingine mwishoni mwa Desemba.

Waswahili waliipa miezi hiyo majina yao. Badala ya kutumia majina yote ya Kiarabu, walianza kuhesabu pale saumu inapofunguliwa. Mwezi unaofuata Ramadhani ni Mfunguo Mosi, kisha Mfunguo Pili, Mfunguo Tatu, hadi Mfunguo Tisa. Halafu huja Rajabu, Shaabani, na Ramadhani yenyewe tena. Idi Kubwa iko Mfunguo Tatu, tarehe 10. Maulidi yako Mfunguo Sita. Kwa hiyo mtu akikuambia sherehe iko Mfunguo Tatu, usiandike Machi. Huo si mwezi wa tatu wa kalenda ya ukutani.

Hata jina la Wanyamwezi mara nyingi huelezwa kwa mwezi. Maelezo yanayosikika sana ni kwamba watu wa pwani waliwaita hivyo kwa sababu walitoka magharibi, upande ambao mwezi mwandamo huonekana kwanza jua likishazama.

Kuna jambo moja ambalo hesabu hii haiwezi kulifanya: haiwezi kukuambia lini upande mahindi. Tuseme mwaka huu ulipanda Mfunguo Tano na ukavuna vizuri. Ukiendelea kupanda Mfunguo Tano kila mwaka, baada ya miaka tisa utakuwa umetangulia kwa zaidi ya miezi mitatu. Utakuwa unafukia mbegu katika vumbi la Agosti.

Mwaka wa jua na kalenda ya ukutani

Kalenda ya ukutani haijali mwandamo. Inafuata jua. Mwaka wa jua una siku 365 na karibu robo. Julius Caesar wa Roma aliweka utaratibu huu mwaka 45 KK: miaka mitatu ya siku 365, na wa nne wa siku 366, ambao sisi tunauita mwaka mrefu. Lakini robo ile si robo kamili, na baada ya karne nyingi kalenda ikawa imechelewa kwa siku 10. Mwaka 1582 Papa Gregori wa Kumi na Tatu aliirekebisha. Tangu hapo mwaka unaomaliza karne hauwi mrefu mpaka ugawanyike kwa 400. Mwaka 2000 ulikuwa mrefu. Mwaka 2100 hautakuwa.

Miezi ya kalenda hii ni mgawanyo wa watu tu. Hakuna kitu angani kinachoifanya Februari iwe na siku 28. Ndiyo maana serikali inaweza kuwa na mwaka wake wa fedha unaoanza 1 Julai na kuishia 30 Juni, na hakuna anayeshangaa. Majirani zetu wa Ethiopia nao wana miezi 13: kumi na miwili ya siku 30, na mmoja mfupi wa siku tano au sita. Mwaka wao mpya huanza Septemba.

Pasaka ni mfano wa hesabu mbili zilizofungwa pamoja. Kwa makanisa mengi huangukia Jumapili inayofuata mwezi mpevu wa kwanza kuanzia 21 Machi. Kwa hiyo haiwezi kuwa kabla ya 22 Machi wala baada ya 25 Aprili. Inafuata mwezi, lakini jua limeiwekea mipaka.

Kilimia na mvua ya msimu

Mkulima anahitaji alama inayofuata jua lakini isiyohitaji karatasi. Nyota zinaweza kumpa. Kundi dogo la nyota zilizobanana liitwalo Kilimia lilipata jina lake kutokana na kulima. Mwezi wa kumi na moja, giza linapoingia, Kilimia kinachomoza mashariki. Februari, wakati kama huo, utakiona juu, upande wa kaskazini. Mwishoni mwa Aprili kinazama magharibi mara baada ya jua. Mwezi wa tano hakionekani kabisa, na mwezi wa sita kinarudi alfajiri.

Sasa linganisha na mvua za Tabora. Mkoa huu una msimu mmoja wa mvua, kuanzia Novemba hadi Aprili, kisha kiangazi kirefu cha Mei hadi Oktoba. Muda ambao Kilimia kinaonekana jioni unakaribiana na muda wa mvua. Nyota hizo hazileti mvua, lakini zinafuata mwaka uleule wa jua ambao mvua hufuata, kwa hiyo hazitelezi kama Mfunguo.

Hapa kuna mtego kwa anayesikiliza redio ya mbali. Pwani na kanda ya kaskazini kuna misimu miwili: vuli, ya Oktoba hadi Desemba, na masika, ya Machi hadi Mei. Ukisikia taarifa kwamba masika yanaanza mwezi wa tatu, si taarifa ya shamba lako la Tabora, Kigoma au Katavi. Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania hutoa utabiri wa peke yake kwa mikoa yenye mvua za msimu, yaani zile za Novemba hadi Aprili. Huo ndio wa kusikiliza, kwa sababu nyota na tarehe hukuambia majira tu. Haziwezi kukuambia kama mwaka huu mvua itachelewa wiki tatu, au kama itanyesha mara moja na kukatika.

Njia ya misafara ilikuwa na saa yake

Katika karne ya 19 Unyanyembe, ambako ndiko Tabora ya leo, kulikuwa kituo kikubwa katika njia ya kutoka Bagamoyo hadi Ujiji. Njia hiyo iliendeshwa na hesabu mbili ambazo ilibidi zipatane.

Ya kwanza ilikuwa ya upepo. Majahazi ya Arabuni na India yalikuja Zanzibar na upepo wa kaskazi, kati ya Desemba na Machi, na kurudi kwao na kusi kuanzia Aprili. Ya pili ilikuwa ya jembe. Wapagazi wengi walikuwa Wanyamwezi, na hao walikuwa wakulima pia. Walipenda kusafiri kiangazi na kuwa nyumbani mvua zinapoanza. Mfanyabiashara aliyetafuta wapagazi wakati wa kupanda alipata tabu kuwapata, hata akiwa na vitambaa na shanga za kutosha.

Wageni walijifunza jambo hilo kwa miguu yao. Richard Burton na John Speke waliondoka Kaole, karibu na Bagamoyo, mwishoni mwa Juni 1857. Walifika Kazeh, sehemu ya Tabora ya leo, tarehe 7 Novemba, baada ya siku 134. Kiangazi chote kiliishia njiani.

Wengine walipoteza hesabu kabisa. David Livingstone aliugua sana Januari 1869 akielekea Ziwa Tanganyika, na akaandika kwamba hakujua tena siku ya wiki wala ya mwezi. Henry Stanley alipomkuta Ujiji, aliandika tarehe 10 Novemba 1871. Daftari la Livingstone linaonyesha mwisho wa Oktoba. Watu wawili wanaoshikana mikono mahali pamoja, na tarehe mbili tofauti! Februari 1872 walifika pamoja Kwihara, karibu na Tabora. Tembe linalokumbukwa kwa kukaa kwao lipo mpaka leo.

Wenyeji waliowapokea hawakuwa na tarehe hizo, lakini hawakupotea katika mwaka. Walijua mavuno yamekwisha au bado, na mvua iko mbali au karibu. Kalenda ya karatasi ikikatika siku chache, huna njia rahisi ya kuirudisha. Kalenda ya majira hujirudisha yenyewe.

Hesabu ya makumi

Mabaharia na wakulima wa pwani nao walikuwa na tatizo la mkulima wa Tabora: kalenda ya Kiislamu haikuwaambia upepo utageuka lini wala wapande lini. Kwa hiyo, pamoja na miezi ya mwandamo, walitumia mwaka wa jua wa siku 365 unaoanza siku ya Nairuzi. Jina hilo limetoka Uajemi. Siku zilihesabiwa kwa makumi, na kila kumi iliitwa mwongo. Miongo 36 ni siku 360, na tano zilizobaki zilimalizia mwaka. Sherehe ya Mwaka Kogwa ya Makunduchi, Zanzibar, inayofanyika Julai, ni kumbukumbu hai ya mwaka huo.

Mwaka 1793 Wafaransa, katika mapinduzi yao, walitunga kalenda inayofanana nayo kwa umbo: miezi 12 ya siku 30, kila mwezi ukiwa na makumi matatu, na siku tano au sita za kumalizia. Ilifutwa kuanzia 1 Januari 1806. Moja ya sababu za watu kutoipenda ni kwamba siku ya mapumziko ilikuja mara moja kwa siku kumi badala ya saba. Ya pwani ilidumu kwa sababu baharia aliihitaji. Ya Ufaransa ililetwa kwa amri, ikagusa mapumziko na ibada za watu, ikafa.

Siku saba na saa kumi na mbili

Majina ya siku zetu yanaonyesha hesabu mbili zilizokutana. Baada ya Ijumaa, siku ya kukusanyika kwa sala, tunaanza moja: Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, Jumanne, Jumatano. Halafu tunaruka na kusema Alhamisi, ambalo kwa Kiarabu pia maana yake ni ya tano, kwa kuwa Waarabu huanza na Jumapili. Wiki yetu ina siku mbili za tano, na bado haijawahi kutupotosha.

Saa nazo tunazihesabu kwa jua. Saa moja asubuhi ni saa ya kwanza ya mchana, ingawa simu inaandika 07:00. Ukipewa miadi kwa maandishi ya 02:00 au 14:00, uliza kwa maneno: ni saa nane ya usiku au ya mchana? Jambo hili dogo limewakosesha watu basi na miadi ya hospitali. Uliza pia kuhusu usiku. Kwa hesabu ya Kiislamu siku huanza jua linapozama, kwa hiyo usiku wa Ijumaa ni ule unaofuata mchana wa Alhamisi.

Tena kuna suala la futari. Nchi nzima tunatumia saa moja rasmi, lakini jua halifuati mipaka. Tabora iko magharibi ya Dar es Salaam kwa nyuzi sita na zaidi za longitudo, na kila nyuzi moja ni dakika nne. Kwa hiyo jua la Tabora huzama dakika 25 hivi baada ya la Dar es Salaam. Adhana ya magharibi ya Dar es Salaam ikisikika redioni saa 12:30 jioni, kwako jua bado lipo. Fuata muda wa msikiti wa mahali ulipo.

Mwezi wa kipande

Kuna mwezi mmoja ambao haukufuata mwandamo, jua wala nyota. Wakati wa ukoloni vijana wengi wa Unyamwezi walikwenda kufanya kazi katika mashamba ya mkonge, hasa upande wa Tanga. Walipewa kadi iliyoitwa kipande, yenye nafasi za siku 30 za kazi. Siku uliyofanya kazi ilitiwa alama. Siku uliyougua, au usiyomaliza kazi uliyopangiwa, haikuhesabiwa. Mshahara wa mwezi ulikuja kadi ilipojaa, hata kama mwandamo wa pili ulikuwa umeshapita.

Hiyo ni kalenda iliyotungwa na mwajiri. Haikuwa na kosa la hesabu. Siku 30 zilikuwa 30. Tofauti ilikuwa nani anaamua siku ipi ni siku. Swali hilo linafaa kuulizwa hata leo kwenye kibarua cha tumbaku, kwenye kodi ya chumba na kwenye mkopo wa simu. Mkopo wa siku 30 uliochukuliwa 31 Januari hauishii mwisho wa Februari katika mwaka usiokuwa mrefu. Unafika 2 Machi. Uliochukuliwa 1 Julai unafika 31 Julai, kabla mwezi wa ukutani haujageuka.

Umri wa mzee usio na cheti

Wazee wengi walizaliwa bila tarehe kuandikwa, lakini si bila kalenda. Yao ilikuwa ya matukio. Reli ilifika Tabora mwaka 1912. Jeshi la Wabelgiji liliingia mjini Septemba 1916. Mkutano wa TANU wa kura tatu ulifanyika hapa Januari 1958. Uhuru wa Tanganyika ulikuja 9 Desemba 1961. Vita vya Kagera vilikuwa 1978 na 1979. Babu akisema alikuwa anachunga ndama wakati wa mkutano wa kura tatu, amekupa umri wake kwa tofauti ya miaka michache. Andika maelezo hayo leo, ukiwa naye. Wakati wa kujaza fomu anaweza asikumbuke, au asiwepo wa kumuuliza.

Kabla ya kukubali tarehe, uliza

Kwa shamba, sikiliza utabiri wa mvua za msimu wa mkoa wako. Tumia nyota na miezi kujiandaa tu: kuwa na mbegu ndani na jembe tayari.

Kwa mimba, kliniki huanza kuhesabu siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho: wiki 40, yaani siku 280. Ukihesabu miandamo tisa utapata siku 266 tu, pungufu ya wiki mbili. Andika ile siku ya kwanza ya hedhi kwenye kalenda ya ukutani. Kama ulihesabu kwa mwandamo, mwambie muuguzi hivyo, naye atabadilisha.

Kwa mkataba na mkopo, usikubali neno mwezi peke yake. Taka siku, mwezi na mwaka wa mwisho viandikwe. Andika jina la mwezi kwa herufi, kwa sababu 03/04 wengine huisoma 3 Aprili na wengine 4 Machi.

Kwa ibada, fuata mwandamo kama unavyotangazwa na viongozi wa dini yako, na saa za jua la mahali ulipo.

Kalenda zote hizi zilitungwa na watu waliokuwa na haja fulani: kusali, kusafiri baharini, kulima, kulipa, au kulipa kidogo. Ukijua haja iliyoizaa, utajua uiulize nini. Bibi wa Chemchem anayetazama Kilimia na mjukuu anayetazama simu hawabishani. Kila mmoja ana swali lake, na nyumba inahitaji majibu yote mawili.